Kitabu Kisichokuwapo: Kanuni za Usimulizi na Ngano za Kakamega

Utangulizi

Katika idara za lugha za vyuo vikuu vya Afrika Mashariki kuna swali ambalo huulizwa kwa namna nyingi, lakini kiini chake ni kimoja: je, wazee waliosimulia ngano walikuwa na nadharia ya kusimulia, au walikuwa na ngano tu? Mwenye kuuliza hivyo aghalabu hutaka aonyeshwe kitabu. Wayunani, husema, wanacho cha Aristotle. Wahindi wanayo Natyashastra juu ya sanaa ya maigizo. Baghdad ilikuwa nacho kitabu kizima juu ya wasimulizi. Na Afrika Mashariki je? Kwa kukosa cha kuonyesha, wako wanaoazima nadharia za ng'ambo nzima nzima na kuzivika ngano kama mtoto anayevikwa koti la baba yake. Wako pia wanaojifariji kwa dhana ya kitabu cha kale kilichopotea, ambacho siku moja kitafukuliwa katika sanduku la mzee fulani huko Pate au Siyu, nacho kitasema kwa mpangilio wa sura na aya namna ngano inavyofunguliwa, inavyoendeshwa na inavyofungwa.

Makala haya yanakichukua kitabu hicho cha kubuni kwa uzito wake, yaani yanauliza kingekuwa na sura gani kama kingekuwapo. Mifano inatoka Kakamega, mahali ambapo ngano zilisimuliwa kwa vizazi vingi bila wino wala karatasi. Hoja ni kwamba kanuni za usimulizi zipo, na zimekuwapo daima, lakini mlinzi wake alikuwa hadhira, si mwandishi. Hoja hiyo ina matokeo kwa mwalimu na kwa mtafiti wa leo, maana kitabu kisichokuwapo kimeanza kuandikwa kimyakimya, na kinaandikwa mahali pasipofaa.

Vitabu vilivyopo na kazi yake

Kabla ya kusikitikia ukosefu wa kitabu, yafaa kutazama vitabu vilivyopo vilifanya nini.

Aristotle alizaliwa mwaka 384 kabla ya Kristo, zaidi ya miaka ishirini baada ya Sophocles na Euripides kufariki. Homer alikuwa wa kale hata kwake. Kwa hiyo alipoeleza tanzia na utenzi alikuwa akieleza sanaa iliyokwisha kukomaa bila msaada wake. Alieleza, hakuamuru. Lakini karne nyingi baadaye maelezo yake yaligeuzwa kuwa amri. Huko Ufaransa, mchezo wa Corneille uitwao Le Cid, uliotolewa mwaka 1637, ulishambuliwa kwa kuvunja kanuni za umoja wa wakati, mahali na tendo, ingawa umoja aliousisitiza Aristotle mwenyewe ni ule wa tendo. Wasimamizi wa kitabu walikuwa wakali kuliko kitabu.

Mfano wa pili unahusu usimulizi hasa. Ibn al-Jawzi wa Baghdad, aliyefariki mwaka 1201, aliandika Kitab al-Qussas wa'l-Mudhakkirin, yaani kitabu cha wasimulizi na wakumbushaji. Hiki ndicho kitabu cha kale kinachokaribia zaidi kile kinachotamaniwa. Lakini msomaji anayekifungua kwa matumaini ya kujifunza namna ya kujenga kisa atakuta jambo jingine. Ibn al-Jawzi, ambaye mwenyewe alikuwa mhubiri mashuhuri, alitaka kubainisha nani anastahili kusimulia mbele ya watu na nani hastahili. Aliwaonya wale waliobuni hadithi za Mtume na wale waliotumia hila za kuwaliza wasikilizaji. Kitabu chake kilizaliwa na wasiwasi: sanaa ilikuwa na nguvu sana sokoni na msikitini, na wenye elimu walitaka kuishika hatamu.

Mfano wa tatu uko nyumbani. Mwaka 1954 Sheikh Kaluta Amri Abedi alichapisha Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Wakati huo ushairi wa Kiswahili ulikuwa na maandishi ya zaidi ya miaka mia mbili. Utendi wa Tambuka ni wa mwaka 1728. Waliotunga Pate, Lamu na Mombasa walijua vina na mizani bila kuandikiwa sheria. Kazi ya Amri ilikuwa ya manufaa makubwa, hasa kwa watunzi wa bara ambao hawakulelewa katika mazingira ya malenga. Hata hivyo neno "sheria" lilifanya kazi yake. Kezilahabi alipotoa Kichomi mwaka 1974, mashairi yake huru hayakupimwa na wengi kwa uzuri au ubaya wake. Yalipimwa kwa sheria, yakahukumiwa kuwa si mashairi. Mabishano yaliyofuata yaliendelea kwa miaka mingi.

Mifano hii mitatu inafundisha jambo moja. Kitabu cha kanuni hakizai sanaa. Huja baada yake, na kikishakuja, huelekea kuondoa hukumu mikononi mwa wanaosikiliza na kuitia mikononi mwa wanaosoma. Basi ukosefu wa kitabu hauwezi kuwa dalili ya ukosefu wa kanuni. Huenda ukawa dalili kwamba hukumu bado iko mahali pake.

Neno lenyewe

Wasukha na Waidakho wa Kakamega huziita hadithi zao tsingano. Wabukusu, majirani wao wa kaskazini, huziita chingano. Msemaji wa Kiswahili hana haja ya kamusi kuona undugu wa maneno hayo na "ngano". Wanaisimu wa Kibantu huuhesabu mzizi huo, -gano, miongoni mwa mizizi ya kale, wenye maana ya kisa au masimulizi.

Jambo hili si dogo. Watu hawatengi jina kwa kitu wasichokitofautisha na vingine. Mwenye neno la ngano ameshatenga ngano na mazungumzo, na habari za ukoo, na methali. Uainishaji, ambao ndio mwanzo wa nadharia yoyote, umo ndani ya neno, na neno ni la kale kuliko sanduku lolote la Pate. Kama ni lazima litafutwe andiko la kale juu ya sanaa hii, ukurasa wake wa kwanza ni huo.

Sura za jioni

Kurasa nyingine ziko jikoni kwa bibi, ambaye huku huitwa kukhu. Mwangalizi anayekaa hapo jioni, wakati sufuria ya mboga imeinjikwa na watoto wamekizunguka chumba, anaweza kuzisoma sura za kitabu hicho moja baada ya nyingine.

Sura ya kwanza ni ya wakati. Ngano ni kitu cha usiku. Katika jamii nyingi za Afrika Mashariki mtoto anayetaka kusimuliwa mchana hutishwa kwa balaa fulani litakalompata yeye au wazazi wake. Wengi wameeleza mwiko huu kuwa njia ya kulinda kazi za mchana, na maelezo hayo ni sahihi. Lakini mwiko huu ni kanuni ya sanaa pia. Gizani uso wa msimulizi haubebi kisa. Sauti ndiyo inayokibeba. Zimwi ambalo Waluhya huliita linani halina haja ya kuelezwa urefu wala rangi, maana kila mtoto analiona kwa kadiri ya hofu yake mwenyewe. Vilevile usiku hupima urefu: ngano huanza chakula kikiwa hakijaiva na yapasa iishe kabla usingizi haujawachukua wadogo. Sanaa ya kufupisha na kurefusha imefundishwa na chungu na usingizi.

Sura ya pili ni ya mapatano. Pwani mapatano hayo ni "Paukwa" na "Pakawa", au ule mwaliko ambao ndani yake hadhira huita hadithi ije, huuita uongo uje, na kuutaka utamu ukolee. Mwaliko huo umezoeleka hata watu hawausikii tena. Ukisikilizwa vizuri, ni tamko zima la nadharia. Unasema kwamba kitakachosemwa ni uongo, kwamba uongo huo umeitwa na wasikilizaji wenyewe wala haukuletwa kwa hila, na kwamba kipimo chake ni utamu. Wasiwasi uliomfanya Ibn al-Jawzi aandike kitabu, yaani hofu kwamba msikilizaji atadhani ubunifu ni kweli, umemalizwa hapa kwa pumzi moja, na mikataba imetiwa saini na pande zote mbili. Asiyeitikia hajakubali, na msimulizi mwenye adabu haendelei mpaka aitikiwe.

Sura ya tatu ni ya wimbo, na hii ndiyo sura ndefu kuliko zote. Ngano ya msichana aliyetiwa ngomani na zimwi inajulikana kutoka Pwani, ambako msichana hurudi peke yake kufuata kome aliyemsahau, hadi bara, ambako hufuata shanga au kitu kingine. Zimwi hutembea na ngoma kijiji hata kijiji, na kila likipiga, msichana huimba ndani. Hatimaye hufika kwa wazazi wake, nao huitambua sauti.

Katika kitabu cha ngano wimbo huo huwa mistari mitatu ya mlazo, na jicho la msomaji huuruka unaporudiwa. Jikoni hauruki mtu. Wimbo huimbwa na wote, na kwa sababu huimbwa na wote, watoto waliokizunguka chumba ndio msichana aliyemo ngomani. Kila kijiji kinachopitwa ni marudio mengine, na kila marudio huongeza uchungu, kwa kuwa waimbaji wanajua aliyemo ndani ilhali wanakijiji wa ngano wanacheza tu ngoma. Utambuzi unapofika, mama wa kisa anasikia kile ambacho chumba kizima kimekuwa kikisema tangu mwanzo. Mwanafunzi wa Aristotle angesema hapa pana utambuzi na mgeuko wa bahati, na angesema kweli. Lakini asingeona kwamba mwenye kuutenda utambuzi huo si mhusika peke yake. Ni hadhira iliyokuwa ikiimba.

Sura ya nne ni ya masahihisho. Watoto wengi wanaosikiliza wameshaisikia ngano hiyo. Msimulizi akiruka kijiji kimoja, atakumbushwa. Akilifanya linani life mapema mno, atapingwa. Naye ana njia mbili: kukubali na kurudi nyuma, au kusema kwamba hivyo ndivyo alivyosimuliwa yeye. Jibu hilo la pili si ukaidi. Ni kutaja nasaba ya kisa. Mabishano hayo mafupi ndiyo uhakiki katika hali yake ya asili. Ndani yake hujulikana sehemu zipi za ngano haziguswi na zipi zimeachwa wazi kwa ufundi wa msimulizi. Mtafiti anayezima mashine ya kurekodi watoto wanapoanza kupiga kelele ameizima wakati kitabu kilipofunguka.

Sura ya tano ni ya kufunga. Pwani msimulizi hufunga kwa kusema kwamba ngano ikiwa njema ni ya wote, na ikiwa mbaya ni yake peke yake. Wanaohangaika leo na swali la nani mmiliki wa kazi ya fasihi simulizi wangeweza kuanzia hapo. Sifa hugawiwa jamii. Lawama hubaki kwa mtu. Huo ni msimamo kamili juu ya mapokeo na ubunifu.

Kilichopotea katika uchapaji

Ikiwa sura hizo zipo, kwa nini hazionekani katika vitabu vya ngano? Edward Steere, aliyechapisha Swahili Tales mwaka 1870 kutokana na masimulizi ya Unguja, hakuwa kiziwi. Katika dibaji yake alieleza kwamba ngano za watu wa kawaida huwa na kiitikio ambacho wote hujiunga kukiimba, na kwamba mara nyingi mifupa ya kisa imo katika vipande hivyo vya wimbo, msimulizi akiviunganisha kwa maneno ya papo kwa papo. Hilo ni jambo zito mno. Lina maana kwamba kile kinachochapwa kwa herufi kubwa na kuitwa hadithi ni nyama ya kubadilika, na kile kinachochapwa kwa mlazo ndicho uti wa mgongo. Hata hivyo miaka zaidi ya mia moja na hamsini baadaye makusanyo mengi bado yanachapwa kana kwamba Steere hakusema neno.

Mfano wa Kongo ya Mashariki ni mzito zaidi. Mwaka 1956 She-Karisi Rureke, msimulizi wa Kinyanga, alisimulia utendi wa Mwindo kwa siku kumi na mbili mbele ya Daniel Biebuyck na wenzake. Kazi hiyo ilichapishwa mwaka 1969. Rureke alisisitiza kwamba hakuwahi kabla ya hapo kuusimulia wote kwa mfululizo. Desturi ilikuwa kusimulia sehemu iliyohitajiwa na wakati. Ule ukamilifu unaosifiwa na wasomaji ulizaliwa kwa ombi la mtafiti. Si hasara, ni kazi adhimu na dunia imefaidika. Lakini yafaa kukiri kwamba Mwindo mzima, kwa maana ya kitabu chenye mwanzo na mwisho, nao ulikuwa kitabu kisichokuwapo mpaka ulipoombwa.

Kitabu kinachoandikwa sasa

Mwaka 1968 Henry Owuor-Anyumba, Taban lo Liyong na Ngũgĩ wa Thiong'o walipodai katika Chuo Kikuu cha Nairobi kwamba fasihi ya Afrika, pamoja na ile ya mdomo, iwe kiini cha masomo, walikuwa wakidai haki. Dai hilo lilizaa matunda. Vikatokea vitabu kama Kenyan Oral Narratives cha Kavetsa Adagala na Wanjiku Mukabi Kabira mwaka 1985, na fasihi simulizi ikaingia shuleni na katika mtihani wa kidato cha nne, ambamo imekuwa na nafasi yake katika karatasi ya tatu ya Kiswahili.

Ushindi huo umekuja na gharama. Swali la mtihani lahitaji jibu linaloweza kusahihishwa kwa alama, na jibu la namna hiyo ni orodha. Hivyo miongozo ya wanafunzi imejaa orodha: sifa za msimulizi bora, sifa za hadhira, majukumu ya nyimbo, fomyula za kuanzia na kumalizia. Mwanafunzi wa Shinyalu au Ikolomani anaweza kuandika sifa tano za msimulizi na kupata alama zote, ilhali hajawahi kuimba ndani ya ngoma ya zimwi. Kwa maneno mengine, kile kitabu cha kanuni kilichotafutwa kimeshapatikana. Hakikutoka katika sanduku la kale bali katika duka la vitabu, na mwandishi wake ni mtahini. Kama vile vitabu vingine vya namna yake, kimeondoa hukumu mikononi mwa wanaosikiliza. Na tofauti na Aristotle, kimefanya hivyo kabla ya wanafunzi kuisikia sanaa yenyewe.

Yaweza kujibiwa kwamba hakuna budi. Wazee wanakwisha, majiko ya jioni yamepata redio, televisheni na simu, na kisichoandikwa kitapotea. Hoja hii haiwezi kupuuzwa. Mwaka 2014 UNESCO iliiingiza ngoma ya isukuti ya Wasukha na Waidakho katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka, na kinachoikuta isukuti hakiwezi kuziacha tsingano salama. Kuandika ni lazima. Ila swali ni nini kiandikwe.

Kama hoja ya makala haya ina ukweli, basi kinachopasa kuandikwa kwanza si orodha ya kanuni bali mabishano yanayozidhihirisha. Mtafiti arekodi ngano ileile kwa wasimulizi zaidi ya mmoja, na kwa msimulizi mmoja zaidi ya mara moja, aonyeshe kipi kimebaki na kipi kimehama. Aziandike sauti za hadhira: wapi iliitikia, wapi ilicheka, wapi ilikataa. Wimbo auweke mahali pake pa uti wa mgongo, pamoja na sauti yake. Na mafundi wenyewe waulizwe, kwa lugha zao, ngano mbaya huitwaje na kwa nini; maana istilahi za uhakiki ambazo Kiswahili kinazihitaji huenda zimo katika Luisukha, Luidakho na Lubukusu, zikingoja mtu wa kuuliza. Shuleni nako mwanafunzi angeweza kupewa alama kwa ngano aliyoisikia na kuisimulia mbele ya darasa, darasa likiwa na haki ya kumsahihisha.

Hitimisho

Borges aliandika kisa, mwaka 1947, cha Ibn Rushd aliyekaa chumbani Cordoba akisumbuliwa na maneno mawili ya Aristotle, tanzia na futuhi, asiyajue maana. Chini ya dirisha lake watoto walikuwa wakicheza, mmoja akijifanya mwadhini, mwingine mnara, mwingine waumini. Alichokitafuta kitabuni kilikuwa kinatendwa uani, naye alikitazama asikione.

Msomi wa Kiswahili aliyeko Kakamega ana bahati kuliko huyo Ibn Rushd wa kisa, kwa sababu anaielewa lugha ya walioko uani na ana mashine ya kuinasa sauti yao. Lakini dirisha halitabaki wazi milele. Kukhu mwenye sura zote tano kichwani hana mwanafunzi wa jioni kila mara, na akinyamaza, kitakachobaki ni ile orodha ya sifa tano. Hapo ndipo kitabu kitakuwa hakipo kweli.